Twende Mpirani na Familia, Lakini Tuwahi

Ndugu msomaji, siku ya mchezo mkubwa wa kandanda katika jiji la Dar es Salaam haihitaji kutangazwa. Tangu alfajiri fulana nyekundu na nyeupe huonekana upande mmoja wa mtaa, na za kijani na njano upande wa pili. Muuza kahawa hamimini kikombe bila ya kuulizwa nani atashinda, na mafundi katika karakana hufanya kazi mikono ikiwa kwenye nyundo na midomo ikiwa uwanjani. Huo ndio utani wa jadi baina ya Yanga, klabu iliyoanzishwa mwaka 1935, na Simba, iliyoanzishwa mwaka 1936. Utani huo ni mali ya mji wetu, na hakuna sababu ya kuugeuza ugomvi.

Lakini katika mazungumzo yote hayo ya vijiweni liko jambo moja ambalo halipewi nafasi. Watu hujadili nani atacheza mbele na nani atalinda lango, ila ni wachache wanaojadili namna watakavyofika uwanjani wao wenyewe. Familia iondoke nyumbani saa ngapi? Ile nini, na wapi? Iingie kwa lango gani, na irudi vipi usiku? Aghalabu baba huyaamua hayo kichwani mwake akiwa amekwisha kuvaa viatu. Akiona ni mazito, huondoka peke yake, akasema uwanjani si mahali pa wanawake na watoto. Na akikubali kuwachukua, huwatoa nyumbani saa moja kabla ya mchezo na njaa tumboni, wakafika langoni dakika zile zile ambazo maelfu ya watu wengine nao wanafika.

Leo safu yetu inashika upande wa familia. Tunasema kwamba uwanja ni wa wote, na kwamba mtoto anayekaa kando ya wazazi wake kutazama mchezo hujifunza mengi kuhusu kushinda bila kutukana na kushindwa bila kulia. Lakini tunasema pia, bila ya kuficha, kwamba mzazi asiyekuwa tayari kuwahi asimchukue mtoto. Sababu zetu ni hizi zifuatazo.

Hesabu ya lango

Uwanja wa Benjamin Mkapa ulioko wilaya ya Temeke ulifunguliwa mwaka 2007, nao una viti vipatavyo 60,000. Jirani yake upo ule uwanja wa zamani, Uwanja wa Uhuru, ambamo bendera ya Tanganyika huru ilipandishwa usiku wa kuamkia tarehe 9 Desemba 1961. Mtu aliyekwisha kuketi katika kiti chake ndani ya uwanja wa Mkapa ana nafasi ya kupumua na kunyoosha mkono. Hatari haiko kwenye kiti. Hatari iko kwenye njia ya kukifikia kiti hicho.

Natufanye hesabu ndogo. Wataalamu wa usalama wa viwanja nchini Uingereza wana mwongozo wao ujulikanao kwa jina la Green Guide. Mwongozo huo unasema kwamba katika kupanga, mlango mmoja wa kupitisha mtu mmoja mmoja usihesabiwe kuwa utapitisha zaidi ya watu 660 kwa saa. Hao ni watu 11 kwa dakika, tena pale tiketi zinaposomwa bila ya matatizo na hakuna anayebishana na mlinzi.

Sasa chukua watu 60,000. Wakiamua kuja wote katika saa ya mwisho, itahitajika milango 91 ya namna hiyo, na yote ifanye kazi bila ya kusita. Watu hao hao wakija kidogo kidogo katika muda wa saa tatu, milango 31 inatosha. Katika mifano hii miwili uwanja ni ule ule, tiketi ni zile zile na askari ni wale wale. Kilichobadilika ni saa ya kufika, basi.

Watu wakizidi kasi ya mlango, hawapotei, hurundikana nje. Walio nyuma hawaoni kinachotendeka mbele. Husikia kelele kutoka ndani, wakadhani bao limefungwa, wakasukuma. Kila mmoja husukuma kidogo tu, lakini visukumo vidogo vya watu elfu mbili huwa nguvu ambayo mtu mzima mwenye misuli haiwezi, sembuse mtoto wa miaka minane ambaye kimo chake kinaishia kwenye viuno vya watu.

Yaliyokwisha kutokea

Haya si maneno ya kutishana. Tarehe 15 Aprili 1989, katika uwanja wa Hillsborough mjini Sheffield, Uingereza, umati wa wapenzi wa Liverpool ulijazana nje ya milango michache kabla ya mchezo kuanza. Lango kubwa likafunguliwa ili kupunguza msongamano, na watu wakaelekea katika vizimba vilivyokuwa vimekwisha kujaa. Idadi ya waliopoteza maisha kutokana na msiba huo ni 97. Baada ya miaka mingi ya ndugu zao kudai haki, baraza la wazee wa uchunguzi wa vifo lilitamka mwaka 2016 kwamba mashabiki hawakuwa na hatia. Makosa yalikuwa ya waliosimamia.

Tarehe 11 Aprili 2001, katika uwanja wa Ellis Park mjini Johannesburg, watu 43 walikufa katika mchezo wa Kaizer Chiefs na Orlando Pirates, wakati wengi waliokuwa nje walipotaka kuingia ilhali ndani kumekwisha kujaa. Tarehe 24 Januari 2022, katika mashindano ya Kombe la Mataifa ya Afrika, watu wanane walikufa kwenye lango la uwanja wa Olembe mjini Yaoundé, Cameroon. Na sisi wenyewe tunayo ya kukumbuka. Tarehe 28 Mei 2023, siku Yanga ilipocheza na USM Alger ya Algeria fainali ya Kombe la Shirikisho, msongamano ulitokea katika uwanja wetu wa Mkapa. Mtu mmoja alipoteza maisha na wengine wakajeruhiwa.

Tuseme wazi, ndugu msomaji, kwamba lawama ya misiba kama hii haibebwi na marehemu. Wenye uwanja, klabu na polisi wana wajibu wa kufungua milango mapema, kuweka alama zinazosomeka, na kutouza tiketi kupita idadi ya viti. Wajibu huo wasiachiwe kuukwepa kwa kuwanyooshea kidole mashabiki. Lakini mzazi aliyemshika mtoto mkono hawezi kusubiri mpaka kila mhusika atimize wajibu wake. Yeye anacho kitu kimoja tu ambacho hakuna wa kumnyang'anya, nacho ni saa atakayoondoka nyumbani.

Kwa nini hatuwahi?

Ukimwuliza mtu kwa nini hakuwahi, atakuambia, "Nifike saa nane nikafanye nini?" Swali lake ni la haki. Kuwahi bila ya mpango ni mateso. Jua ni kali, watoto wana njaa, kila kinachouzwa ni cha fedha, na saa haziendi. Ndiyo maana nasaha ya kusema "wahini" peke yake haijamsaidia mtu. Anayetaka familia iwahi sharti kwanza aifanye saa ya kusubiri kuwa saa ya raha, na raha ya familia huanzia kwenye chakula.

Katika jambo hili Wamarekani wametutangulia. Wao wana mpira wao, ambao mchezaji huubeba mikononi na kukimbia nao, na katika michezo ya nyumbani ya timu zao kubwa watu hufika kwenye maegesho ya magari saa kadhaa kabla ya mchezo. Hufungua mlango wa nyuma wa gari, wakaufanya meza. Hutoa jiko, wakachoma nyama na soseji. Huwakaribisha majirani wasiowajua. Desturi hiyo wanaiita tailgating, kutokana na jina la ubao ule wa nyuma wa gari unaofunguka.

Mfano mzuri ni mji wa Green Bay katika jimbo la Wisconsin. Kwa sensa ya mwaka 2020 mji huo ulikuwa na wakazi wapatao 107,000. Uwanja wao wa Lambeau Field, uliofunguliwa mwaka 1957, siku hizi unachukua watu zaidi ya 80,000. Hebu fikiri: siku ya mchezo wanaokusanyika uwanjani wanakaribia idadi ya mji mzima. Lau wangefika wote kwa saa moja, barabara za mji mdogo kama huo zisingeweza kuwabeba. Lakini huyu hufika mapema kuwasha mkaa, yule huja baadaye kidogo na mikate, na wakazi wa nyumba za jirani hukodisha nyua zao kwa wenye magari. Halaiki ile hujigawa yenyewe. Karamu inayoonekana kuwa ni starehe tu, kumbe inafanya kazi ya kutawanya msongamano.

Hatusemi tuwaige kwa kila kitu. Wako miongoni mwao wanaokunywa pombe kupita kiasi tangu asubuhi, na hilo haliifai familia. Isitoshe, wengi wetu hatuna gari la kufungua mlango wa nyuma. Twapanda daladala, na jiko la mkaa halipandi daladala. Wala si busara kuwasha moto katikati ya magari na umati. La kuchukua kwao ni wazo lenyewe, kwamba chakula cha mchana kiliwe karibu na uwanja, kwa utulivu, kabla ya wengi hawajafika.

Baraza ya ndugu

Na wazo hilo tukilitazama vizuri, tutaona kwamba sisi tunayo njia iliyo bora zaidi. Ni familia ngapi za Dar es Salaam zisizokuwa na shangazi, binamu, jirani wa zamani au mfanyakazi mwenzao anayekaa Temeke, Keko, Chang'ombe au Kurasini? Kutoka huko mtu hufika uwanjani kwa miguu. Basi nyumba ya ndugu huyo ndiyo maegesho yetu, na baraza yake ndiyo meza yetu.

Lakini mambo yafanyike kwa adabu. Mwenyeji apewe taarifa siku kadhaa kabla, wala asigongewe mlango saa sita mchana na watu watano wenye fulana za timu asiyoipenda. Wageni wasiende mikono mitupu. Mchele kilo mbili, nazi, fungu la samaki au sukari kwa ajili ya chai ni heshima ya kawaida kwetu. Mama mgeni aingie jikoni kusaidia, na baba mgeni naye aone kwamba kuchota maji na kuosha vyombo hakumpunguzii ubaba. Mkishamaliza kula, mwacheni mwenyeji wenu na nyumba safi, ili mchezo ujao awaulize yeye, "Mbona hamjasema kama mnakuja?"

Kwa asiye na ndugu wa karibu, kapu la chakula litamtosha. Hapa inafaa kuangalia aina ya chakula. Wali wa nazi uliopikwa alfajiri na kufungiwa ndani ya chombo chenye joto mpaka saa nane mchana si salama. Nazi huchacha upesi, na wali unaokaa vuguvugu kwa muda mrefu waweza kuwaumiza watoto tumbo. Chukua vyakula vinavyovumilia, kama vile chapati kavu, maandazi, viazi vitamu na mihogo ya kuchemsha, mayai yaliyochemshwa ambayo hayajamenywa, karanga, ndizi na machungwa. Maji ya kunywa yawe mengi kuliko unavyodhani, kwa kuwa jua la Temeke halina huruma. Atakayenunua kwa mama lishe anunue chakula kinachotoka motoni, na achague mahali penye maji ya kunawa.

Chakula hicho kiliwe nje, kiishe. Msitegemee kuingia nacho, kwani langoni upo ukaguzi, na chupa ni miongoni mwa vitu vya kwanza kuzuiliwa. Kadiri mizigo inavyokuwa mingi ndivyo ukaguzi unavyochelewa, na anayechelewesha ukaguzi wake anawachelewesha na walio nyuma yake. Ligi kuu ya Wamarekani hao tuliowataja iliamua mwaka 2013 kwamba wanaoingia viwanjani wabebe mifuko myangavu, ili mlinzi aone kilichomo bila ya kuufungua. Nasi mfuko mmoja mwangavu wa plastiki ngumu, wenye dawa za mtoto, kitambaa na kofia, unatosha familia nzima.

Ratiba ya familia moja

Tuchukue mfano wa familia ya watu watano inayokaa Tabata: baba, mama, na watoto wenye umri wa miaka 14, 11 na 8. Mchezo unaanza saa 11 jioni.

Siku kadhaa kabla, tiketi ziwe zimekwisha kununuliwa, zote za jukwaa moja. Kununua tiketi nje ya uwanja siku yenyewe ni kujiongezea foleni ya pili juu ya ile ya kwanza, na ni kujiweka mikononi mwa walanguzi. Baba na mama wasome tiketi hizo pamoja, wajue ni jukwaa gani na lango gani, kwa sababu anayefika lango lisilo lake hulazimika kurudi kinyume na mkondo wa watu. Hali kadhalika, wasikilize tangazo la saa ya kufunguliwa milango, na waipange safari kwa kuifuata.

Usiku wa kuamkia mchezo, nauli itengwe. Nauli ya kurudi iwe ya kwanza kutengwa, nayo ikae kwa mama, mahali ambapo haiwezi kugeuka mishikaki wala soda. Simu zote zijazwe umeme.

Saa 6 mchana familia iondoke nyumbani. Kutoka Tabata watateremka na barabara ya Mandela ilhali magari bado si mengi. Saa 7 wawe wamefika, iwe kwa ndugu au kivulini mbali kidogo na milango. Saa moja na nusu ni ya kula, kupumzika na kutaniana. Na kama baba ni wa Jangwani na mama ni wa Msimbazi, hapo ndipo mahali pa kumalizana, watoto wakiwa waamuzi. Kabla ya kuondoka wote waende msalani, hata anayesema hana haja.

Saa 8 na nusu waelekee langoni, na kufika saa 9 wawe wameketi. Hapo zimebaki saa mbili. Watoto watazame wachezaji wakipasha misuli moto, wafundishwe kazi ya waamuzi wa pembeni, wahesabu majukwaa yanavyojaa. Mama na baba watapata nafasi ambayo nyumbani haipatikani kila siku, ya kukaa saa mbili na watoto wao pasipo na mtu wa kuitwa kazini. Na itakapofika saa 10 na nusu, wakati walioondoka makwao wamechelewa wanabanana nje, mtoto wa miaka minane atakuwa kwenye kiti chake akila karanga.

Langoni

Hata kwa anayewahi, yafaa kujua la kufanya mambo yakiharibika. Mtoto mdogo ashikwe kifundo cha mkono, si vidole, maana vidole huteleza. Baba atangulie, mama awe nyuma, watoto katikati. Asubuhi mpige kila mtoto picha kwa simu, ili nguo alizovaa zionekane. Na namba mbili za simu ziandikwe kwenye karatasi na kutiwa mfukoni mwake. Simu peke yake isitegemewe, kwa kuwa penye maelfu ya watu mtandao huweza kuzidiwa. Afadhali watu wakubaliane mahali pa kukutana, pawe panajulikana na kila mmoja, tena pawe mbali na lango.

Ukiona umati mbele umesimama kabisa na walio nyuma bado wanakuja, usijiingize. Rudi nyuma mapema, ungali una nafasi ya kugeuka. Wataalamu wanaonya kwamba watu wakizidi watano katika eneo la mita moja ya mraba, hatari imekwisha kuanza. Kwa lugha nyepesi, ukijikuta unaguswa pande zote na huwezi kuinua mikono kujigusa uso, umekwisha kuchelewa kuondoka. Hapo kunja mikono mbele ya kifua kama bondia ili mapafu yapate nafasi, kwa sababu wengi wafao katika misongamano hufa kwa kukosa pumzi na wala si kwa kukanyagwa. Mtoto na abebwe juu. Kiatu kikianguka kiache. Usishindane na mkondo. Kila unapolegea, sogea kwa mshazari kuelekea pembeni. Na kubwa kuliko yote, aliye nyuma asisukume. Mbele yake, asikoona, huenda yupo mtoto wa mtu.

Safari ya kurudi

Mchezo ulioanza saa 11 jioni utakwisha karibu na saa 1 usiku, giza likiwa limeingia. Wengi huanza kukimbilia milangoni kabla ya filimbi ya mwisho. Lakini misiba ya kutoka nayo ipo. Tarehe 2 Januari 1971, katika uwanja wa Ibrox mjini Glasgow, Scotland, watu 66 walikufa kwenye ngazi walipokuwa wakiteremka baada ya mchezo. Na tarehe 9 Mei 2001 mjini Accra, Ghana, watu zaidi ya 120 walipoteza maisha walipokimbia mabomu ya machozi na kukuta milango imefungwa.

Familia yetu ya Tabata, basi, na ikae kitako kwa nusu saa baada ya mchezo. Waliofungwa wapoe, walioshinda wamalize nyimbo zao. Baada ya hapo njia zitakuwa nyeupe, na daladala hazitagombewa kwa viwiko. Mtoto ambaye timu yake imefungwa atakuwa amepata nusu saa ya kufarijiwa na mzazi wake, na faraja hiyo huenda ikakaa moyoni mwake kuliko bao lolote.

Wako wanaofaa kubaki nyumbani siku ya mchezo mkubwa: mtoto mchanga, mama mjamzito, mzee asiyeweza kupanda ngazi, na mgonjwa. Hawa wasionekane wamenyimwa. Wawekewe televisheni au redio na chakula chao kizuri, na mmoja wa vijana wakubwa abaki nao kwa zamu. Mchezo mdogo usio na watu wengi unaweza kuwa siku yao, na kwa kweli ndio mchezo bora wa kumzoeza mtoto uwanja kwa mara ya kwanza.

Wahenga walisema tahadhari kabla ya hatari. Tahadhari tuliyoieleza leo haina gharama ya kutisha, kwani ni chapati za nyumbani, baraza ya ndugu, na saa nne za mapema. Kwa mchezo ujao, kaeni chini baba, mama na watoto mwulizane siyo tu nani atashinda, bali pia, "Tutaondoka saa ngapi?" Atakayejibu "saa sita mchana" msimcheke. Huyo ndiye atakayewarudisha wote nyumbani.

Hadi Jumapili ijayo, tunawatakia mchezo mwema na safari njema.